Kamati ya Bunge ya Nje, Ulinzi na Usalama: Wajibu Wake katika Kusimamia Sera ya Mambo ya Nje

Baada ya kusoma mada hii, mtahiniwa uweze:
(a) kueleza nani hutunga sera ya mambo ya nje ya Tanzania na nani huisimamia;
(b) kufafanua majukumu ya Kamati ya Bunge ya Nje, Ulinzi na Usalama;
(c) kueleza hatua ambazo mkataba wa kimataifa hupitia kabla ya kuridhiwa;
(d) kutathmini nguvu na mipaka ya Kamati kwa kutumia mifano halisi.

1. Kwa nini usome mada hii?

Watahiniwa wengi huiogopa mada hii kwa sababu wanadhani mambo ya nje ni ya mabalozi na marais tu. Tuanze basi na pwani ya Kilwa, ambako historia ina funzo kubwa kuhusu jambo hili.

Mwaka 1776 Sultani wa Kilwa alifanya mkataba na mfanyabiashara Mfaransa aliyeitwa Jean-Vincent Morice. Katika mkataba huo Mfaransa alihakikishiwa kupata watumwa 1,000 kila mwaka, kwa ajili ya mashamba ya visiwa vya Wafaransa katika Bahari ya Hindi. Mkataba ulifanywa na watu wachache. Waliobeba mzigo wake walikuwa maelfu ya watu wa bara ambao hawakuulizwa lolote, wala hapakuwa na chombo cha kumwuliza Sultani: unasaini nini, kwa faida ya nani, na kwa gharama ya nani?

Zaidi ya miaka 100 baadaye, mwaka 1890, Uingereza na Ujerumani zilitiliana saini mkataba wa kugawana maeneo ya Afrika Mashariki. Mpaka wa Ziwa Nyasa bado unabishaniwa na Tanzania na Malawi kwa sababu ya karatasi ile iliyoandikwa Ulaya.

Funzo lake ni kwamba mkataba wa nje huwabana hata watu ambao hawakuwepo mezani. Kwa sababu hiyo nchi huru inahitaji chombo cha kuuliza maswali kwa niaba yao. Katika Tanzania chombo hicho ni Bunge, na kwa mambo ya nje Bunge hufanya sehemu kubwa ya kazi hiyo kupitia Kamati ya Kudumu ya Bunge ya Nje, Ulinzi na Usalama, inayofahamika kwa kifupi kama NUU.

2. Nani hutunga sera, nani husimamia?

Hapa ndipo alama nyingi hupotea. Tofautisha mambo mawili yafuatayo.

Serikali hutunga na kutekeleza. Rais ndiye Mkuu wa Nchi na ndiye huteua mabalozi. Wizara ya Mambo ya Nje na Ushirikiano wa Afrika Mashariki huandaa sera, hufanya mazungumzo na mataifa mengine na huendesha balozi zetu. Sera ya Mambo ya Nje ya mwaka 2001 iliweka mkazo katika diplomasia ya uchumi, yaani kutumia uhusiano wetu na mataifa mengine kutafuta masoko, mitaji na watalii. Kabla ya hapo, hasa katika miaka ya 1960 na 1970, mkazo ulikuwa katika ukombozi wa Afrika. Mkoa wa Lindi una alama ya enzi hiyo: wapiganaji wa FRELIMO walipata mafunzo Nachingwea kabla ya Msumbiji kupata uhuru mwaka 1975.

Bunge husimamia na kushauri. Ibara ya 63(2) ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania ya mwaka 1977 inalipa Bunge madaraka, kwa niaba ya wananchi, ya kuisimamia na kuishauri Serikali na vyombo vyake vyote. Ibara ya 63(3) inataja njia za kufanya hivyo: kumwuliza Waziri maswali, kujadili utekelezaji wa kila Wizara wakati wa bajeti, kuidhinisha mipango ya maendeleo, kutunga sheria, na kujadili na kuridhia mikataba ambayo masharti yake yanataka iridhiwe.

Kumbuka pia kwamba mambo ya nchi za nje ni miongoni mwa Mambo ya Muungano yaliyoorodheshwa katika Nyongeza ya Kwanza ya Katiba. Kwa hiyo husimamiwa na Bunge la Jamhuri ya Muungano, lenye wabunge kutoka Tanzania Bara na Zanzibar.

3. Muundo wa Kamati

Ibara ya 96 ya Katiba inaliruhusu Bunge kuunda kamati. Muundo na kazi zake hufafanuliwa na Kanuni za Kudumu za Bunge.

Wajumbe huteuliwa na Spika kutoka miongoni mwa wabunge. Wajumbe wenyewe humchagua Mwenyekiti na Makamu wake. Mawaziri hawawi wajumbe wa Kamati hii, kwa sababu mtu hawezi kujisimamia mwenyewe. Kamati hufuatilia kazi za Wizara ya Mambo ya Nje, Wizara ya Ulinzi na Jeshi la Kujenga Taifa, pamoja na Wizara ya Mambo ya Ndani ya Nchi.

Kwa nini mambo ya nje yakafungwa pamoja na ulinzi? Tazama kusini mwa Lindi. Mwaka 2017 mashambulizi ya wapiganaji wenye silaha yalianza katika jimbo la Cabo Delgado, kaskazini mwa Msumbiji. Oktoba 2020 kijiji cha Kitaya, mkoani Mtwara, kilishambuliwa. Julai 2021 Jumuiya ya Maendeleo Kusini mwa Afrika (SADC) ilipeleka kikosi Cabo Delgado, na Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi zilizotoa askari. Jambo hilo moja lilikuwa la kidiplomasia, la kijeshi na la usalama wa raia mpakani kwa pamoja. Kamati moja inayoona pande zote tatu inaweza kuuliza swali kamili.

4. Majukumu ya Kamati

Tumia mfano wa kata ya Pande, wilayani Kilwa, kuyakumbuka majukumu haya. Wakazi wake ni wavuvi na wakulima. Mambo yanayoamuliwa na nchi za mbali huwafikia kupitia bahari, soko na mpaka.

(i) Kuchambua bajeti ya Wizara ya Mambo ya Nje. Kabla bajeti haijafika bungeni, Wizara hukutana na Kamati na kueleza ilivyotumia fedha za mwaka uliopita na inavyoomba za mwaka ujao. Kamati inaweza kuuliza: Balozi hii imetafuta masoko gani? Kwa nini jengo letu la ubalozi halijakarabatiwa? Mkulima wa ufuta wa Pande anauza zao linalokwenda nchi za nje. Ubalozi usipotafuta wanunuzi, bei inayotangazwa kwenye mnada kijijini humgusa yeye.

(ii) Kuchambua mikataba na kutoa maoni. Mkataba ukipelekwa kwenye Kamati, wajumbe huusoma kifungu kwa kifungu, humhoji Waziri na wataalamu, na wanaweza kuwasikiliza wadau. Kisha Kamati huliambia Bunge kama mkataba una manufaa na una kasoro zipi. Zingatia kwamba si kila mkataba hupita NUU. Mkataba wa biashara, uvuvi au bandari unaweza kupelekwa kwenye kamati ya sekta husika, au kamati kadhaa zikakaa pamoja.

(iii) Kufuatilia utekelezaji wa mikataba iliyokwisha kuridhiwa. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yaliwekwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1981. Mwaka 2004 yaliingizwa katika orodha ya urithi ulio hatarini, na yakaondolewa humo mwaka 2014 baada ya kazi ya kuyahifadhi. Kuridhia mkataba ni kuahidi. Lazima awepo mtu wa kuuliza kama ahadi inatekelezwa. Hali kadhalika Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982 unaipa Tanzania haki juu ya rasilimali hadi maili 200 za bahari kutoka pwani. Haki hiyo ina maana kwa mvuvi wa Kilwa ikiwa meli za kigeni zinafuatiliwa na kulipa tozo zinazostahili.

(iv) Kufuatilia maslahi ya Watanzania walio nje. Wavuvi wa pwani ya kusini wana desturi ya kwenda dago, yaani kuhamia kambi za mbali wakifuata samaki kwa msimu. Mpaka wa bahari kati ya Tanzania na Msumbiji uliwekwa kwa makubaliano ya mwaka 1988, lakini juu ya maji hakuna jiwe wala uzio. Chukulia kwamba mvuvi wa Pande amekamatwa upande wa pili pamoja na mashua yake. Anayepaswa kumfuatilia ni ubalozi wetu ulioko Maputo. Anayeweza kuihoji Wizara, ikiwa wavuvi wa namna hiyo hawasaidiwi, ni mbunge wao bungeni na Kamati katika vikao vyake.

(v) Kuishauri Serikali kuhusu uhusiano wa kimataifa, kwa mfano migogoro ya mipaka, ushiriki wa nchi katika Jumuiya ya Afrika Mashariki, SADC na Umoja wa Afrika, na hali ya usalama katika nchi jirani.

5. Safari ya mkataba hadi kuridhiwa

Jifunze hatua hizi kwa mfuatano.

Hatua ya 1: Mazungumzo. Hufanywa na Serikali. Kamati haiongozi mazungumzo.
Hatua ya 2: Kusaini. Rais, Waziri au ofisa aliyepewa mamlaka hutia saini. Kwa mkataba unaohitaji kuridhiwa, saini huonesha nia ya nchi, lakini peke yake haijakamilisha kazi.
Hatua ya 3: Kamati. Mkataba hupelekwa kwenye kamati inayohusika, ambayo huuchambua na kuandaa maoni.
Hatua ya 4: Bunge zima. Waziri huwasilisha azimio la kuridhia. Mwenyekiti wa Kamati husoma maoni ya Kamati. Wabunge hujadili na kupiga kura ya kukubali au kukataa.
Hatua ya 5: Hati ya kuridhia hupelekwa mahali mkataba unapotunzwa.
Hatua ya 6: Sheria ya ndani. Ili mahakama zetu ziweze kuutumia mkataba kama sheria, Bunge hutunga sheria ya kuutekeleza.

Mfano: Mkataba wa Eneo Huru la Biashara Afrika ulisainiwa Kigali Machi 2018. Bunge la Tanzania liliuridhia Septemba 2021. Kati ya saini na kuridhia kuna nafasi ya kuuliza maswali, na nafasi hiyo ndiyo iliyokosekana Kilwa mwaka 1776.

Tangazo la vita lina utaratibu wake. Ibara ya 44 inampa Rais madaraka ya kutangaza hali ya vita, lakini nakala ya tangazo hupelekwa kwa Spika, naye huitisha mkutano wa Bunge ndani ya siku 14 ili lijadili na kuamua kama litapitisha azimio la kuunga mkono tangazo hilo.

6. Mifano miwili ya Bunge kusimamia mambo ya nje

Zanzibar na OIC, 1992 hadi 1993. Mwishoni mwa mwaka 1992 Zanzibar ilijiunga na Jumuiya ya Nchi za Kiislamu (OIC). Swali la kikatiba likazuka: Je, upande mmoja wa Muungano unaweza kujiunga peke yake na jumuiya ya kimataifa, wakati mambo ya nje ni ya Muungano? Kamati ya Bunge ilipewa kazi ya kulichunguza jambo hilo, na mwaka 1993 ikaona kwamba hatua ile ilikwenda kinyume cha Katiba. Agosti 1993 Zanzibar ilijitoa. Unapotumia mfano huu katika mtihani, shikilia hoja ya kikatiba. Suala halikuwa dini gani ni bora. Lilikuwa nani ana mamlaka ya kuifunga nchi kimataifa.

Mkataba wa EPA, 2016. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa na mazungumzo na Umoja wa Ulaya kuhusu Mkataba wa Ubia wa Kiuchumi. Kenya na Rwanda zilisaini Septemba 2016. Tanzania ilisita, ikihofia kwamba bidhaa za Ulaya zingeingia bila ushuru na kudhoofisha viwanda vyake. Novemba 2016 suala hilo lilijadiliwa bungeni, na Bunge likashauri Tanzania isisaini. Hapa Bunge na Serikali walisimama upande mmoja. Hii inaonesha kwamba usimamizi si lazima uwe ugomvi; Bunge linaweza pia kuipa Serikali nguvu mbele ya mataifa makubwa.

7. Ulinganisho na nchi nyingine

Kenya: Katiba ya mwaka 2010 inataka wanaopendekezwa na Rais kuwa mabalozi wapate idhini ya Bunge la Taifa kabla ya kuteuliwa. Kwa hiyo kamati ya bunge huwahoji. Tanzania haina utaratibu huo.

Marekani: Mkataba huhitaji kuungwa mkono na theluthi mbili ya maseneta waliohudhuria. Kumbuka somo la Historia: Rais Woodrow Wilson alishiriki kuasisi Shirikisho la Mataifa, lakini Seneti iliukataa Mkataba wa Versailles mwaka 1919 na tena 1920. Kamati ya Mambo ya Nje ya Seneti, chini ya Henry Cabot Lodge, ndiyo iliyoongoza upinzani huo. Marekani haikujiunga kamwe, na Shirikisho likadhoofika. Mfano huu unafundisha kwamba kamati yenye nguvu inaweza kuzuia mkataba mbaya, na inaweza pia kuzuia mkataba ambao dunia iliuhitaji.

8. Mipaka na changamoto za Kamati

(i) Maoni yake ni ushauri. Kura inayoamua ni ya Bunge zima.
(ii) Mkataba humfikia mbunge ukiwa umekwisha kusainiwa, hivyo Bunge hukubali au hukataa. Si rahisi kubadili kifungu kimoja.
(iii) Muda huwa mfupi. Juni 2023 makubaliano ya Tanzania na Dubai kuhusu bandari yalipofikishwa bungeni, wananchi walialikwa kutoa maoni siku chache tu kabla ya azimio kupitishwa, na mjadala mkubwa uliendelea nchini baada ya kuridhiwa.
(iv) Usiri. Mambo mengi ya ulinzi hayawezi kuzungumzwa hadharani, hivyo mwananchi haoni yote yanayofanyika.
(v) Wajumbe wengi wanapokuwa wa chama kinachounda Serikali, wanaweza kusita kuihoji kwa ukali.

9. Makosa ya kawaida ya watahiniwa

Kuandika kwamba Kamati "inatunga sera ya nje" au "inateua mabalozi". Si kweli.
Kuchanganya kusaini na kuridhia.
Kuchanganya Bunge la Tanzania, linalofanya vikao vyake Dodoma, na Bunge la Afrika Mashariki, lenye makao Arusha.
Kutaja majukumu bila mfano. Hoja isiyo na mfano hupata alama pungufu.

10. Swali la mfano na jibu

Swali: "Bila kamati ya bunge, mikataba ya nje ni mzigo kwa wananchi." Jadili kauli hii kwa hoja nne.

Jibu: Mkataba wa nje ni makubaliano kati ya nchi na nchi, au kati ya nchi na jumuiya ya kimataifa. Katika Tanzania, Kamati ya Bunge ya Nje, Ulinzi na Usalama, pamoja na kamati za sekta, husaidia Bunge kuichambua. Kauli hii ina ukweli mkubwa, ingawa si ukweli wote.

Kwanza, kamati huwapa sauti wasiokuwepo mezani. Mkataba wa Kilwa wa mwaka 1776 ulifanywa bila chombo cha kuuhoji, na madhara yake yaliwaangukia watu wasio na sauti.

Pili, kamati hulinda Katiba. Mwaka 1993 uchunguzi wa Kamati ya Bunge ulionesha kwamba Zanzibar kujiunga na OIC kulikiuka mgawanyo wa mamlaka katika Muungano.

Tatu, kamati hufuatilia utekelezaji. Haki ya Tanzania katika maili 200 za bahari haimsaidii mvuvi wa Pande isiposimamiwa.

Hata hivyo, nne, kamati peke yake haitoshi. Maoni yake ni ushauri, muda wake ni mfupi na baadhi ya vikao ni vya siri. Vyombo vya habari, asasi za kiraia na wananchi wanaofuatilia mijadala ni wa lazima pia.

Kwa kuhitimisha, mkataba unaweza kuwa baraka au mzigo. Kamati inayouliza maswali mapema hupunguza uwezekano wa kuwa mzigo, na hufanikiwa zaidi pale wananchi wanapojua cha kumwambia mbunge wao.

Maswali ya kujipima

1. Taja ibara ya Katiba inayolipa Bunge madaraka ya kuridhia mikataba.
2. Eleza tofauti tatu kati ya wajibu wa Wizara ya Mambo ya Nje na wajibu wa Kamati ya NUU.
3. Kwa nini Mawaziri hawawi wajumbe wa Kamati hii?
4. Linganisha utaratibu wa kupata mabalozi katika Tanzania na Kenya.
5. Wewe ni mkazi wa kijiji cha pwani. Mkataba mpya wa uvuvi na nchi ya kigeni unakaribia kufikishwa bungeni. Andika barua kwa mbunge wako ukieleza maswali manne ambayo ungependa yaulizwe kabla mkataba haujaridhiwa.

Swali la 5 lifanye hata kama huna muda wa mengine. Ukiweza kuyaandika maswali hayo manne vizuri, umeielewa mada nzima.